Yule spai na watu wa majoho: dada yangu, hizo ni katuni mbili

Swali limetoka kwa msomaji wa Tanga, nalifupisha: "Shikamoo mwalimu. Nilipokuwa mdogo mjomba alikuwa na mkanda wa katuni za zamani sana. Kuna moja ya dada spai mwenye nywele za dhahabu, anakimbizwa na majambazi kwenye gari, halafu anakamatwa na watu wa dini ya ajabu ajabu, kuna sanamu kubwa, ngoma zinapigwa, mkubwa wao kavaa joho kajificha sura, wanataka wamchome moto, mwisho Superman anatokea. Nimeitafuta miaka na miaka siipati. Inaitwaje? Na wale wapiga ngoma ndio sisi Waafrika au? Nina mtoto wa miaka 8 natamani aione."

Marahaba dada, na asante kwa maelezo yaliyoshiba, maana kuna watu wananiuliza "ile katuni ya yule jamaa" halafu wanategemea niijue. Wewe umenipa nywele, umenipa gari, joho, sanamu, moto. Na hapo hapo ndipo nilipoona kwa nini hujaipata miaka yote hii: katuni hiyo haipo. Zipo mbili, na kichwa chako kimemchukua dada wa katuni moja kikaenda kumfunga kwenye nguzo ya katuni nyingine. Wala usijilaumu, mimi mwenyewe kuna muvi ya kihindi niliisimulia watu miaka kumi kumbe nusu yake ni ya mkanda mwingine kabisa.

Ya sanamu na ngoma inaitwa Jungle Drums, ilitoka Machi 26, 1943. Ya dada mwenye nywele za dhahabu inaitwa Secret Agent, ilitoka Julai 30 mwaka huo huo. Zote ni za Superman, zote fupi, dakika kama nane hivi, na zote zimetoka studio moja ya Marekani chini ya Paramount. Miezi minne tu kati yao. Kwenye mikanda ile ya bei rahisi walikuwa wanazipanga zikifuatana, moja ikiisha nyingine inaanza na muziki ule ule na sauti ile ile ya mtangazaji, sasa mtoto wa miaka sita saba kakaa mbele ya deki ya mjomba atajuaje kwamba hadithi imebadilika?

Cha kukuthibitishia ni hizo hizo nywele. Yule anayefungwa achomwe sio spai, ni Lois Lane, yule mwandishi wa habari wa kila siku wa Superman, na Lois nywele zake nyeusi. Kwenye Secret Agent ndio kuna dada wa nywele za dhahabu, yeye ndiye spai wa kweli wa serikali, kajipenyeza kwenye genge la wahujumu na sasa anataka kuwahi Washington na ushahidi wake, genge linamfukuza, kuna daraja la kuzunguka, anaangukia kwenye magurudumu ya mitambo ya daraja yanayosaga taratibu. Hamna ngoma humo, hamna joho. Na Lois hayumo kabisa, kitu ambacho kwenye mfululizo ule ni nadra sana.

Sasa turudi msituni maana ndiko moyo wako uliko.

Hadithi ya Jungle Drums iko hivi. Ndege imebeba ofisa wa jeshi mwenye karatasi za siri za msafara wa meli, na Lois yumo. Inatunguliwa. Ofisa anakata roho lakini kabla hajafa anamkabidhi Lois zile karatasi zisiingie mikononi mwa adui, Lois anazificha, anakamatwa, anapelekwa kwa mkubwa wa pale. Na huyo mkubwa ndiye aliyekukosesha usingizi, yule wa joho na kofia ya kufunika sura. Watu wa pale wanamnyenyekea, akinyoosha mkono wanatii. Kumbe chini ya joho kuna gwanda la Manazi! Jamaa ni kamanda wa Hitler, na ile sanamu kubwa wanayoiabudu, ndani yake kuna makao ya kijasusi, kuna mitambo, kuna redio ya kuongea na nyambizi baharini zikausubirie huo msafara.

Hapo naomba usimame kidogo, maana ndio sehemu ninayoipenda kuliko yote na watoto huwa inawapita. Umesema "spai dhidi ya dini ya ajabu". Ukiangalia vizuri ni kinyume chake. Maspai ndio wamevaa dini. Yani ile ibada yote, moto, ngoma, sanamu, ni pazia tu mbele ya chumba cha redio. Na mwandishi wa hadithi kaifunga vizuri sana mwishoni, kwa sababu Superman anapigana huko nje, anarusha watu, anafanya mambo yake, lakini anayeokoa meli ni Lois. Analichukua joho lile lile, anajifunika, anapita mpaka kwenye redio yao wenyewe na kutoa taarifa kwa wenzake, ndege za Marekani zinakuja kuzimaliza nyambizi. Kilichomficha adui ndicho kilichompitisha Lois. Kwa dakika nane, mimi nasema hiyo ni kazi safi. Baada ya hapo wanakuonyesha Hitler mwenyewe kakaa anasikiliza redio, habari mbaya inamfikia, basi imeisha.

Umeniuliza inaitwaje, ungeweza kuishia hapo, lakini kwa vile mimi kazi yangu ni kuchora siwezi kukuachia hivi hivi bila kukwambia kwa nini ilikukaa kichwani miaka yote hiyo. Ni vivuli. Hebu ukiipata isimamishe pale moto unapowashwa, angalia uso wa Lois. Kivuli chake hakichorwi pamoja na sura. Enzi zile kila kitu kinachosogea kinapakwa rangi kwenye karatasi ya plastiki inayoona, mandhari iko chini yake, kivuli kinapakwa peke yake kwenye plastiki nyingine, halafu kamera inapiga picha kwa mwanga pungufu ili kile kivuli kisiwe doa jeusi kiwe kama utaji mwembamba juu ya uso. Picha moja. Ukimaliza unabadilisha unapiga ya pili. Sinema inataka fremu 24 kwa sekunde, piga hesabu dakika nane, ni fremu 11,520. Hata ukisema mchoro mmoja uupige mara mbili, jambo ambalo wachoraji wengi tunafanya mpaka leo kuokoa nguvu, bado unabaki na michoro 5,760, na hapo nimehesabu kama vile kwenye kila picha kuna kitu kimoja tu kinachosogea. Weka Lois, weka moto, weka watu wanaocheza nyuma. Mimi nikikaa na vijana wangu na kompyuta yetu sekunde kumi za moto zinatumaliza wiki.

Na hela ilikuwepo. Ile ya kwanza kabisa ya mfululizo, ya Septemba 1941, ilikula dola 50,000, na kwa katuni fupi ya enzi hizo hizo ni pesa za kutisha, ikaishia kuteuliwa Oscar ila haikuchukua. Zilizofuata bajeti ikashuka.

Halafu hapa nirekebishe kitu ambacho utakikuta kimekosewa kila mahali. Watu wanaziita "Superman za Fleischer" zote 17. Max Fleischer na mdogo wake Dave ndio walioanzisha studio, na Max ndiye mgunduzi wa ule mtambo wa kumpiga mtu sinema kwanza halafu unachora juu yake fremu kwa fremu, hakimiliki ya ugunduzi alipewa 1917. Dave mwenyewe alikuwa anavaa nguo za kichekesho anacheza mbele ya kamera, kaka mtu anamchora, ndio alivyozaliwa yule klauni wao Koko. Sasa ndugu hawa mwisho walifika mahali hawasemezani, wako jengo moja kazi moja na hawasemezani, madeni yamepanda baada ya kuhamisha studio toka New York kwenda Miami 1938, na 1942 Paramount wakaichukua studio, wenyewe wakatoka, jina likabadilishwa likawa Famous Studios. Kwa hiyo Superman tisa za kwanza ni za Fleischer, nane za mwisho ni za Famous. Zako zote mbili ziko kwenye hizo nane. Jungle Drums kaongoza Dan Gordon, Secret Agent kaongoza Seymour Kneitel, na hiyo Secret Agent ndio ya mwisho kabisa, walifunga nayo. Utaona hata maadui wamebadilika. Za mwanzo ni wanasayansi vichaa, maroboti, gorila. Hizi za Famous vita vimeshaingia mpaka kwenye wino, adui ni Manazi, ni Wajapani, ni wahujumu.

Haya, lile swali lako la pili, wale wapiga ngoma ndio sisi?

Ndio na hapana. Hawana jina la kabila, hawana jina la mahali, hawana hata mmoja wao mwenye jina. Ni "msitu" tu, ule msitu wa Hollywood ambao ndani yake unakuta chochote unachotaka kukuta. Mtu aliyekaa Marekani 1943 akiangalia alikuwa anajua tu anatakiwa afikirie Afrika. Hata ngoma zenyewe sikiliza, du-du-du-du mwanzo mwisho, hakuna anayejibu. Wewe mtu wa Tanga huwezi kudanganywa hapo, kwetu msondo una kazi yake, chapuo lina kazi yake, vumi lina kazi yake, zinaongea zinajibizana, na mtu akianza kupiga kama wale wa kwenye katuni anaambiwa akae pembeni aachie wenyewe. Ile sio ngoma ya mtu yeyote, ni ngoma ya kutia hofu, kazi yake ni ile ile ya kivuli kwenye uso wa Lois.

Lakini kinachoniuma mimi sio sura walizochorwa, japo zinaudhi. Ni kazi waliyopewa kwenye hadithi. Angalia: Mwafrika wa humo ndani ndiye anayemsaidia Nazi kwa ujinga. Anamwinamia, ndiye anayetaka kumchoma Lois, ndiye anayesababisha karatasi za msafara zifike kwa adui. Sasa hiyo ni Machi 1943. Mwaka mmoja nyuma, 1942, keya wetu, wale askari Waafrika wa jeshi la Waingereza (King's African Rifles), walikuwa Madagascar wanapigana upande wa Waingereza. Zaidi ya watu laki mbili wa Afrika Mashariki waliingia jeshini vita ile, wengine walipelekwa mpaka Burma, divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki ilishuka lile bonde la Kabaw 1944 kwenye matope ya masika ya kule huku wenzao wanakufa kwa malaria na risasi. Wazee wetu wengine wametuhadithia, na babu ukimwuliza alikokuwa anakwambia tu "Baama".

Na lile la msafara wa meli sasa, maana katuni yote inahusu msafara na nyambizi. Februari 1944, chini ya mwaka mmoja baada ya katuni kutoka, meli inaitwa Khedive Ismail iliondoka Kilindini, Mombasa, iko ndani ya msafara inakwenda Colombo. Tarehe 12 ikiwa karibu na Maldives nyambizi ya Kijapani ikaipiga. Ilizama kwa muda kama wa dakika mbili. Walikufa watu 1,297, na wengi mno kati yao walikuwa askari wa mizinga wa Afrika Mashariki, pamoja na manesi. Kwenye msafara wa kweli, Mwafrika alikuwa kwenye sitaha ya chini. Kwenye katuni kawekwa upande wa wanaotoa siri. Nikiiangalia Jungle Drums siku hizi, kila ikifika pale zile karatasi zinapopelekwa kwa yule wa joho, huwa naikumbuka Kilindini, siwezi tena kuiangalia kama zamani. Na bado nasema imechorwa vizuri, mambo yote mawili yanakaa kichwani kwangu kwa pamoja, sijui utayaitaje.

Kama unapenda hizi hadithi za vyama vya siri, basi kuna mbili nikuongezee haraka haraka. Ya kwanza ni Bimbo's Initiation ya 1931, hii sasa ndio ya Fleischer wenyewe, nyeusi na nyeupe. Mbwa mmoja anatembea zake barabarani anatumbukia kwenye shimo la maji taka, panya mmoja anayefanana mno na Mickey anakuja anafunga mfuniko na kufuli (uchokozi huo kwa Disney, wala hawakujificha) na kule chini kuna watu wa chama cha siri, wana mishumaa vichwani, wanamuuliza unataka kuwa mwanachama? Anakataa. Wanampeleka chumba kimoja cha mateso hadi kingine, milango inamkimbia, visu, moto, anaulizwa tena, anakataa. Wala hauambiwi chama ni cha nini. Mwisho mkubwa wao anavua lile vazi, kumbe ni Betty Boop, na mbwa ghafla anakubali kujiunga, hahaha. Hamna spai lakini kwa hofu ya kweli ile inaishinda Jungle Drums, mimi mtu mzima bado kile kicheko chao kinanisumbua.

Ya pili sio katuni, ni mchezo wa redio. Sauti ya Superman kwenye katuni hizi ni Bud Collyer, huyo huyo alikuwa Superman wa redio. 1946 vita imeisha, Manazi hawapo tena wa kupigana nao, wakaandika mfululizo wa vipindi 16 Superman anapambana na kundi la watu waliojifunika vichwa wanaowatisha majirani zao Wachina, na kila aliyesikiliza Marekani alijua wanaosemwa ni Ku Klux Klan, lile kundi la Wazungu wabaguzi wa huko huko Marekani. Yani miaka mitatu tu baadaye joho lilishatoka msituni limerudi mtaani kwao, na safari hii aliyelivaa ni jirani.

Sasa mtoto. Miaka 8 mimi namruhusu, ila kaa naye, usimwachie simu ukaenda jikoni. Secret Agent muachie hata peke yake, pale kwenye magurudumu ya daraja atafumba macho kidogo lakini haina tatizo. Jungle Drums angalia naye, na ikifika kwa wapiga ngoma muulize tu swali moja, hawa wanaitwa nani? Atatafuta jina, hatalipata. Watoto wa umri huo ni wakali kwa vitu kama hivyo kuliko sisi, wangu aliniuliza mwenyewe mbona hawa hawaongei kama watu, nikanyamaza kidogo kabla sijamjibu.

Kuzipata ni rahisi na sio wizi. Sheria ya Marekani enzi hizo ilikuwa inatoa hakimiliki miaka 28 halafu mwenye mali aje ahuishe, hawa hawakuhuisha, kwa hiyo katuni zote 17 zikawa mali ya umma, Superman mwenyewe kama mhusika bado ana wenyewe lakini filamu hizi mtu yeyote anaweza kuzinakili. Ndio sababu zilijaa kwenye mikanda ya bei chee mpaka zikafika kwa mjomba wako. Ubaya wake ni kwamba nakala nyingi zilizoko mtandaoni zimenakiliwa kutoka nakala ya nakala, rangi imeiva imekuwa kama chai ya rangi, na vile vivuli nilivyokusifia vimegeuka matope. Tafuta iliyosafishwa, Warner walitoa seti nzima 2023, ukiweka hizo mbili sambamba utadhani ni kazi mbili tofauti.

Andika jina kama nilivyoliandika, weka na 1943 mbele yake, maana kuna vitu vingi vinaitwa Jungle Drums. Ukifungua ukaona daraja, ni ile nyingine. Ukiona sanamu subiri mlango wake ufunguke, ukiona ndani kuna redio, ndio hiyo. Halafu uniambie mjomba naye anaikumbuka vipi, sitashangaa na yeye akikwambia mwanamke alikuwa na nywele za dhahabu.